Maestro wa Sajana

Maestro hakuwa na sauti. Naanza na hilo kwa sababu watu waliomjua kwa sifa tu walikuwa wanakuja Jumapili wakitarajia kumsikia akiimba, na alipofungua mdomo walitazamana. Sauti yake ilikwaruza, na ikipanda juu kidogo ilikatika. Lakini mtu huyo asiye na sauti ndiye aliyetufundisha kuimba sisi wote, washonaji, walinzi, wasusi na wauza soksi wa Doornfontein na Hillbrow, na kwa miaka miwili mitatu hapakuwa na kwaya ya Kiswahili Johannesburg nzima iliyotufikia. Nasema hivyo bila kujisifu. Mimi nilikuwa sauti ya pili, na sauti ya pili hakuna anayeisifu.

Jina alikuwa nalo kama kila mtu, liliandikwa kwenye karatasi zake za ukimbizi, ila sitalitaja hapa. Wakongomani humwita kiongozi wa kwaya maestro, na sisi Watanzania na Wakenya wachache tuliokuwamo tukafuata. Alikuwa mtu wa Uvira, ng'ambo ya ziwa kutoka Bujumbura. Zaidi ya hapo sijui alizaliwa na nani wala lini, na hakupenda kuulizwa. Ukimuuliza alikuwa anakujibu, "Mama, imba kwanza, historia tutaiona kisha."

Mazoezi yalikuwa Jumamosi saa nane mchana, kwenye ukumbi wa kanisa Doornfontein, ghorofa ya pili, juu ya karakana ya matairi. Saa saba yeye alikuwa ameshafika. Ukimwahi ulimkuta anafuta viti kwa leso yake mwenyewe, kimoja kimoja, amevaa tai kama mtu anayekwenda kwenye usaili wa kazi. Aliyechelewa alisimama akiangalia ukuta mpaka wimbo wa kwanza uishe. Nilimwona mke wa pasta akisimama ukutani na mkoba wake begani, na Maestro hakugeuka hata kumtazama. Siku hiyo nilimpenda sana.

Kinanda hakukiamini. Miaka ile umeme ulikuwa unakatwa kwa zamu, na alisema Mungu hawezi kungoja mpaka umeme urudi. Siku za kazi alikuwa anauza mikanda ya suruali kwenye kona moja ya Hillbrow, basi Jumamosi alikuja na mkanda mmoja, akaukunja mara mbili, akawa anautumia kupiga mapigo kwenye mgongo wa kiti. Pa, pa, pa. Ukikosea, mkanda ulisimama hewani na yeye alifumba macho kama mtu aliyekanyagwa kidole. Kisha yanakuja maneno.

"Munaimba sawa batu banakimbilia taxi! Nani anawafukuza? Mungu iko hapa, haendi fasi ingine!"

Sisi wa sauti ya pili alitulea kwa namna yake. Aliwahi kutuambia kwamba sauti ya pili haiko mutumishi ya sauti ya kwanza, iko bibi yake. Kwa Wakongomani bibi ni mke, kwa hiyo sikujua kama tumepandishwa cheo au tumeshushwa, na nilipomuuliza akasema, "Mama Tanzania, wewe uko na mudomo." Hivyo ndivyo alivyoniita miaka yote, Mama Tanzania, kama vile nchi nzima ilikuwa imejaa kwenye kiti changu.

Alikuwa mkali kuliko baba yangu, na baba yangu alikuwa mwalimu wa nidhamu. Lakini ukali wake ulikuwa na milango ya nyuma. Jengo letu la Hillbrow maji yalipokatika wiki mbili, na lifti nayo ilikuwa imekufa tangu enzi, yeye ndiye aliyembebea maji bibi mmoja Mrundi wa ghorofa ya tisa, ndoo asubuhi na ndoo jioni, huku ameweka tai mfukoni isilowe. Yule bibi hakuwa hata wa kanisa letu. Nilipomsifu mbele ya watu alikasirika, akasema sifa zikae kwenye wimbo. Wagonjwa aliwatembelea akakaa kando ya kitanda bila kuomba, bila kusoma, bila kusema neno, anatazama tu dripu inavyodondoka. Wengine walisema hana adabu za kuona wagonjwa. Mimi nilikuja kujua baadaye thamani ya mtu anayeweza kukaa kimya.

Kitu kimoja hakikuwa na mlango wa nyuma, nacho ni nyimbo za dunia. Simu ikilia katikati ya mazoezi na mlio wa muziki wa kilabu, mwenye simu alitoka nje nayo na hakurudi siku hiyo. Teksi, ndiyo daladala ya huku, ikipita chini imefungulia redio, alisimamisha kwaya nzima tungoje uchafu upite. Hakutaka tuimbe hata nyimbo za kwaya nyingine. "Bile bya wengine biko bya wengine," alisema. "Siye tuko na byetu."

Na kweli tulikuwa na vyetu. Ndicho kilichotufanya tuwe sisi. Kila baada ya miezi michache Maestro alikuwa anatangaza kwamba anafunga, anapotea siku tatu, halafu anarudi amekonda, na wimbo mpya kichwani. Hakuwahi kuandika noti. Alituimbia kwa ile sauti yake iliyokatika, mstari baada ya mstari, na sisi tuliuvika nyama. Ukimuuliza umeutoa wapi alifumba macho akasema neno moja: "Nilipewa." Zilikuwa nyimbo ambazo hazikufanana na za kanisa lolote nililowahi kusali. Zilipanda pale ulipotegemea zishuke, zilizunguka neno moja kama nzi kwenye bilauri kabla ya kutua, na zilikuwa na huzuni tamu iliyowafanya wanaume wazima watafute leso.

Wimbo uliotupa jina ulikuwa wa kufungulia ibada. Maneno yake ya Kiswahili yalikuwa machache: fungua, ee Bwana, fungua, nimesimama nje. Lakini kiitikio hakikuwa cha Kiswahili, wala Kifaransa, wala lugha yoyote tuliyoijua. Tuliimba "Sajana, sajana," mara nane, sauti zote nne, mara ya mwisho kwa kunong'ona. Siku ya kwanza mtu mmoja alimuuliza Maestro maana yake, akajibu kwamba hilo alilipokea hivyohivyo na halitafsiriki. Basi pasta akapanda nalo mimbarani. Alihubiri Jumapili mbili mfululizo kuhusu lugha ya malaika, kwamba sajana ni neno la kiti cha enzi, na kwamba asiyelielewa kwa kichwa atalielewa kwa magoti. Watu walianza kusalimiana nalo mlangoni. Mama mmoja wa Bukavu akajifungua mtoto wa kike, akamwita Sajana, na pasta akamweka wakfu kwa jina hilo tukimshangilia. Nilimshonea yule mtoto gauni la siku hiyo, jeupe, lenye marinda matatu.

Sasa nije kwa mume wangu, maana bila yeye haya yangekuwa masengenyo tu.

Mume wangu alikuwa mlinzi wa ghala. Asubuhi moja ya mwaka 2015, anatoka zamu, alikuwa anavuka kwenye taa za barabarani, ambazo huku sote tunaziita robot. Robot ilikuwa nyekundu kwa magari. Teksi ikapita. Alifia palepale na mkate wa watoto mkononi. Dereva hakusimama, polisi waliandika wakaondoka, kazini kwake walimtuma mtu kuja kuchukua sare. Tulimzika hukuhuku, kwa sababu kumfikisha Iringa kulitushinda, na mama yake alimzika kwa simu.

Siku ya tatu ya msiba Maestro akaja. Midomo ilikuwa imemkauka. Alipita sebuleni kwenye watu, akaingia jikoni nilikokuwa nimejificha, akaketi sakafuni akaegemea kabati, akakaa hivyo kwa muda mrefu. Kisha akasema taratibu, "Mama, nimefunga siku tatu. Nimepewa wimbo ya bwana yako." Akaniimbia. Nakumbuka maneno yote.

Mlango nimeuacha wazi,
taa sijaizima;
aliyetoka kwa njia hii
atarudi kwa njia nyingine.

Mimi si mtu wa maono. Sijawahi kuota ndoto ikatimia. Ila wiki ile nilitaka mtu mmoja, yeyote, aseme kitu kuhusu mume wangu, na wote waliopaswa kusema walikuwa wamenyamaza. Kwa hiyo nilipoambiwa kwamba Mungu amesema, tena kwa wimbo, tena wimbo wa kwake yeye peke yake, niliuchukua kwa mikono miwili. Makaburini aliuongoza Furaha, binti wa jirani yangu, sauti ya kwanza bora tuliyowahi kuwa nayo. Nilisimama kwenye safu yangu nikaimba sauti ya pili juu ya jeneza la mume wangu mwenyewe, na sikulia, kwa sababu nilikuwa nimehakikishiwa. Miaka miwili iliyofuata niliishi juu ya mistari ile minne. Nilikataa kuolewa tena kwa sababu ya wimbo ule, na sikujuta.

Furaha alikuwa na miaka kumi na tisa. Alizaliwa hapahapa, Kiswahili anakielewa chote ila anajibu kwa Kiingereza na Kizulu, na akilazimika kukisema anakivunja kama biskuti. Mwaka 2016 mtu, simjui na afadhali nisimjue, akamwonyesha Maestro video ya simu: Furaha kwenye sherehe ya rafiki yake, anacheza wimbo wa kilabu. Hakuwa uchi, hakuwa amelewa. Alikuwa anacheza tu, na alicheza vizuri.

Jumamosi hiyo Maestro alimsimamisha mbele yetu.

"Hii ni wewe?"

"Ni mimi. Eish, Maestro, ni wimbo tu. Sasa mimi nimefanya nini?"

"Nyimbo ya kilabu iko ya kilabu. Ya Mungu iko ya Mungu. Hatuchanganyake. Toka."

Furaha alitutazama sote, mmoja mmoja. Alinitazama na mimi. Nilikuwa naangalia viatu vyangu. Akavua joho nililomshonea, akalikunja vizuri, akaliweka kwenye kiti kilichofutwa kwa leso, akashuka ngazi. Hakurudi kwaya na hakurudi kanisa. Mama yake aliniambia baadaye kwamba hataki hata kusikia neno la Mungu likitajwa ndani ya nyumba. Mkanda ukagonga kiti, pa, pa, tukaendelea na wimbo.

Hilo lilinikaa kooni mwaka mzima. Namlaumu yeye na najilaumu mimi, ila yeye namlaumu zaidi, kwa sababu ndiye aliyekuwa na mkanda.

Vitambaa vya majoho tulikuwa tunanunua Marshalltown, kwenye duka la mama mmoja Mhindi, mzaliwa wa Durban, mzee wa miaka sabini na kitu. Kila mtu alimwita Anti. Tuliongea Kiingereza, nami maneno yetu nayaandika hapa kwa Kiswahili. Mwaka 2017 nilikwenda kuchagua satini ya zambarau. Alikuwa anapima yadi kwa kunyoosha mkono kutoka puani kama walivyofanya wazee, na mimi nilikuwa naimba kwa pua, bila kujitambua, ule wimbo wetu wa kufungulia ibada.

Mkasi ukasimama.

"Umeutoa wapi huo?"

"Wa kwaya yetu, Anti. Wimbo wa kanisa."

"Wa kanisa?" Akaanza kucheka, halafu akaacha kucheka, akaimba. Aliimba wimbo wetu wote kwa Kihindi, kwa sauti nyembamba ya kizee, na pale tunaposhuka alishuka, na pale tunapozunguka alizunguka, na alipofika kwenye kiitikio akasema sajana, sajana, macho yamemjaa maji.

Akanieleza. Ni wimbo wa sinema ya mapenzi ya zamani sana, ya nyeusi na nyeupe. Mama yake aliiona Durban akiwa msichana, akarudi kuiona tena na tena mpaka akapigwa nyumbani. Sinema yenyewe haipo tena. Mikanda yake iliungua, wengine wanasema ilioza, hakuna anayejua hasa. Watu wameitafuta mpaka huko India ilikotengenezwa na hawajapata hata kipande. Zimebaki nyimbo nne kwenye santuri. Mama yake alikuwa akisema zilikuwa saba, na kwamba zile tatu ambazo hazikuingia kwenye santuri ndizo zilizokuwa nzuri kuliko zote, lakini yeye hakuwa na sauti ya kumfundisha mwanawe, akafa nazo. Nikamwimbia nyingine zetu mbili, zote akazimalizia kwa Kihindi; zilikuwa za santuri hiyohiyo.

"Na sajana ni nini, Anti?"

"Sajana? Ndivyo mwanamke anavyomwita mpenzi wake."

Nilicheka. Nilimfikiria pasta na Jumapili zake mbili, nikacheka mpaka nikainama. Kisha nikamfikiria Furaha anavyokunja joho, na kicheko kikaisha. Kisha nikamfikiria mume wangu.

"Anti," nikasema, "nisikilize na huu." Nikamwimbia mlango nimeuacha wazi. Nilijitahidi kuimba sauti ya kwanza. Akaniomba nirudie, akasikiliza akiwa ameinamisha kichwa.

"Huu siujui," akasema. "Haumo kwenye zile nne."

"Kwa hiyo si wa sinema?"

"Sijasema hivyo. Zile tatu sizijui, nimekwambia. Unaweza kuwa mmojawapo. Unaweza usiwe." Akanishika mkono. "Mlete huyo mtu wenu. Tafadhali. Kama anazijua, mlete aniimbie kabla sijafa."

Nilimwahidi. Sikumpelekea Maestro ujumbe huo. Nilitoka dukani na satini yangu kwapani, nikaenda moja kwa moja kwa wazee wa kanisa.

Hapana, si moja kwa moja. Nisijifanye mtu wa hasira za haraka. Nilikaa wiki tatu. Nilijua kabisa ninachokichezea. Nikinyamaza, ninabaki na wimbo wa mume wangu, nusu wa Mungu nusu wa wasiwasi, lakini ninao. Nikisema, Maestro anaanguka na wimbo unaanguka naye. Wiki tatu nilipima, na kila nilipopima nilimwona akimwambia binti wa watu toka, huku yeye mwenyewe anatulisha nyimbo za wapenzi kila Jumapili na kutuambia amepewa. Hasira ikashinda. Nikaenda.

Walimwita Jumapili baada ya ibada. Wazee watano, pasta, Maestro, na mimi shahidi. Alikuja na tai. Pasta ndiye aliyekuwa na uchungu zaidi, maana ndiye aliyehubiri, na mtu aliyeaibishwa mimbarani hana huruma.

"Nyimbo zako umezitoa mu sinema ya Wahindi. Ndiyo ao hapana?"

"Pasta, ku Bujumbura kulikuwaka sinema. Siye hatukuwa na feza ya kuingia. Nilikuwa nakaaka inje, ku ukuta, minasikiliza. Sikuonaka hata picha moja. Kiyahindi sikijui. Miye nilisikia sauti ya muntu anaita, anaita, nikafikiri—"

"Ndiyo ao hapana?"

Maestro alifumba macho, kama alivyofumba tulipokosea. "Ndiyo," akasema.

Alinitazama mara moja tu. Nilikuwa nimeingoja siku hiyo niifurahie, na sikupata furaha yoyote. Wazee waliamua palepale kwamba nyimbo zote za Maestro zisiimbwe tena kanisani wala msibani wala nyumbani mwa muumini, na yeye asisimame tena mbele ya kwaya. Mmoja wao aliniuliza kama nina la kuongeza. Ningeweza kusema kwamba Anti alizitambua nyimbo zetu moja moja na wa mume wangu hakuutambua. Ningeweza kusema hatuna hakika na ule mmoja. Nikasema sina la kuongeza.

Mtoto Sajana akabadilishwa jina, akaitwa Neema, na kwa muda mrefu hakuitika. Kwaya ikapewa kijana wa kinanda, tukaanza kuimba nyimbo za kwenye simu kama makanisa yote. Miezi sita baadaye nusu ya safu yangu ilikuwa imehama. Nilikwenda kwa mama yake Furaha kumweleza kwamba aliyemfukuza binti yake amefukuzwa. Nilidhani nampelekea habari njema. Furaha mwenyewe alitoka chumbani, akasikiliza, akaniuliza, "So now you talk, Auntie?" akarudi chumbani akafunga mlango.

Na wimbo wangu. Sikuufuata uamuzi wa wazee, nilijaribu kuuimba nyumbani nikiwa peke yangu kwenye cherehani. Haukuimbika. Kila nikianza na ule mlango ulioachwa wazi, namwona mwanamke wa kwenye sinema amesimama dirishani, amepaka wanja, anamngoja mwanamume asiye mume wangu. Nikawa naacha mstari wa pili. Ndiyo malipo niliyojilipa.

Maestro akapotea. Kona yake ya mikanda akaichukua Msenegali. Wengine walisema amekwenda Durban, wengine Cape Town. Nilipita pale zaidi ya mara moja, nikijidanganya kwamba ndiyo njia yangu.

Nilimwona tena mwaka 2019, Marshalltown, mchana kweupe, umbali wa mitaa miwili kutoka kwa Anti. Alikuwa amevaa kizibao cha njano kinachong'aa, analinda magari ya watu wanaokwenda maofisini, kazi ambayo Wakongomani wengi huku huanza nayo, na yeye alikuwa anamalizia nayo. Alikuwa amekonda vibaya. Ndani ya kizibao alikuwa amevaa shati la kola, bila tai. Nilitaka kuvuka barabara nisionekane. Akaniona kabla sijaamua.

"Mama Tanzania."

"Maestro. Shikamoo." Sikuwahi kumwamkia shikamoo, kwao hawana desturi hiyo. Ilinitoka yenyewe.

"Watoto bazima?"

"Wazima. Wewe je?"

"Niko." Akaonyesha magari kwa kidevu, kama mtu anayeonyesha shamba lake.

Nilimweleza habari ya Anti, miaka miwili baada ya kuahidi. Kwamba sinema yenyewe imepotea kabisa, kwamba kuna mama mzee, hapo tu, anayezitafuta nyimbo tatu, na kwamba labda yeye ndiye mtu pekee duniani aliyebaki nazo. Nilidhani atashtuka. Alinisikiliza huku anatazama gari lililokuwa linatafuta nafasi.

"Umwambie nimesahau."

"Umesahau kweli?"

"Mulinikataza kuziimba, mama. Miye minatii."

Nilistahili. Nikasimama pale na mifuko yangu ya vitambaa, watu wanatupita, na nikaona kwamba nisipouliza sasa sitauliza tena.

"Maestro, ule wa mume wangu. Nao ulitoka huko?"

Sasa akanigeukia mzima. Hakuwa na hasira. Ningependa ingekuwa hasira.

"Ule hapana. Ile ingine, ndiyo, nilitoaka ku ukuta. Ya bwana yako ndo nilifungaka kweli, siku tatu. Ile moja tu. Ile ndo nilipewa."

"Basi kwa nini hukusema siku ile?"

"Pasta aliniuliza nyimbo. Nani aliniuliza wimbo? Na wewe ulikuwa pale, mama. Ulikuwa umekaa karibu na mulango."

Nilikuwa nalia, barabarani, mwanamke mzima. Nilimwambia ukweli wangu wote, kwamba siwezi tena kuuimba, kwamba nataka kumwamini na siwezi. Nilimwambia kwamba mtu aliyenidanganya mara moja kuhusu kufunga anaweza kunidanganya mara ya pili, ama kwa kunihurumia, ama kwa kunikomoa. "Nitajuaje?" nikamuuliza. "Niambie, Maestro, mimi nitajuaje?"

Gari lilikuwa linarudi nyuma kuelekea kwake. Alinyanyua mkono kulisimamisha, akanijibu akiwa tayari ameshanipa bega.

"Utafute ile filme, mama. Uangalie kama wimbo ya bwana yako iko ndani."

Akaenda kwa mwenye gari, anarudi kinyumenyume, anaita kwa ile sauti iliyokatika, "Kuja, kuja, kuja, sharp!" Hakunigeukia tena. Nilibaki kwenye ukingo wa barabara na mifuko yangu, na alijua vizuri, kama nilivyojua mimi, kwamba filamu hiyo haipo popote duniani.